Hamsini ya Shukrani, Moja la Nyumba

Anayetaka kujua nchi ya Kidogokidogo iko upande gani asihangaike na ramani. Ramani yenyewe waliiagiza kwa malipo ya polepole, na mpaka leo imeletwa kona moja tu, ile yenye bahari tupu.

Hizza Semkiwa na mkewe Chiku walifika huko. Namna walivyofika haina utamu: walitembea, walipanda, walishuka, miguu ikavimba, yakaisha. Utamu uko kwenye kilichowapeleka. Hizza alikuwa fundi mwashi. Alikuwa ameshawajengea watu nyumba arobaini na moja, na yeye mwenyewe alilala kwenye chumba cha kupanga ambamo akinyoosha miguu ilibidi Chiku akunje yake. Basi akasikia kuna nchi ambako uashi hauishi hata siku moja, mshahara unalipwa kwa matofali, na kila mtu, hata muuza karanga, anaishi kwenye nyumba yake.

"Mshahara wa matofali," Chiku akasema. "Sasa unangoja nini, Fundi? Wamekutengenezea nchi."

Ilikuwa kweli. Huko tofali ndiyo pesa. Kilo ya sukari, tofali. Kunyoa, nusu tofali, na kinyozi anakupasulia chenji kwa nyundo. Matajiri unawatambua kwa migongo iliyopinda, na mtu akikwambia mfuko umetoboka mpe pole ya dhati, maana kuna kidole cha mguu kimevunjika.

Kazi nayo ilikuwepo. Siku ya pili tu Hizza aliajiriwa kwenye Jengo la Shukrani, mali ya Bohari Kuu, kwa matofali themanini kwa mwezi. Upande mmoja jengo hilo lilikuwa limeshapita mawingu, upande wa pili limemeza soko na nusu ya uwanja wa mpira. Ndani hakuishi mtu.

"Linajengwa la nini?" Hizza alimuuliza msimamizi.

"La kuweka matofali."

"Matofali yanatoka wapi?"

"Kwa watu wanaoshukuru."

"Wanashukuru nini?"

"Wewe ni fundi au mwandishi wa habari?"

Hizza akarudi kwenye mwiko wake. Lakini alianza kuona kwamba watu wa kule wana namna yao ya kuhesabu. Kila kitu kilikuwa kwa mwezi. Ukimuuliza bibi kizee umri wake, anakwambia ana mwezi mmoja, na mwingine, na mwingine, mkae mpaka jioni hajamaliza hata usichana. Mimba ilikuwa ya mwezi mmoja, ikirudiwarudiwa, kwa hiyo kila mtoto alizaliwa ghafla, ukoo mzima ukakimbizana kutafuta nepi. Shuleni walifundisha kujumlisha vitu vidogo na kutoa vikubwa. Kuzidisha kulipigwa marufuku na Sheria ya Adabu ya Mwezi, ambayo ilikuwa na vifungu viwili. Cha kwanza: mtu asitaje jumla mbele za watu. Cha pili: wala asiifikirie kimoyomoyo huku midomo ikicheza. Kwa ajili ya kifungu hicho cha pili palikuwa na askari maalumu walioitwa Walinzi wa Midomo. Kazi yao ilikuwa kutembea mitaani wakitazama watu chini ya pua. Wa mtaa aliofikia Hizza aliitwa Afande Kimya, na sifa yake kubwa ilikuwa kwamba alishawahi kumkamata mtu aliyekuwa anatafuna bigijii.

Yote hayo Hizza angeyacheka akaendelea na maisha, isingekuwa mwenye nyumba wao. Siku moja mama huyo alisimama mlangoni, akamtazama Chiku kuanzia kichwani, akafika tumboni akaweka kituo.

"Mimi napangisha watu wawili," akasema. "Wa tatu akija, mnahama wote watatu."

Wa tatu alikuwa amebakiza miezi miwili na nusu. Kesho yake wakaenda Bohari kuulizia nyumba.

*

Karani aliyewapokea aliitwa Bwana Nafuu. Katika nchi ambayo kila kiganja kina vumbi jekundu, yeye alikuwa na mikono misafi kama ya mtoto aliyetoka kuogeshwa.

"Karibu Fundi, karibu mama. Nyumba yenu ipo, bado kuingia tu. Vyumba viwili, sebule, jiko, choo, na baraza ya kupunga upepo. Matofali elfu nne. Mnaleta hamsini na moja tu."

"Halafu?"

"Halafu mnakwenda kulala kwenu."

"Yaani mara moja?"

"Mara moja," akasema Bwana Nafuu, akakohoa kidogo, "kwa mwezi."

Chiku alimkanyaga mumewe mguu kwa furaha. Lakini Hizza alikuwa mtu wa kuuliza ukuta umesimama juu ya nini. Akauliza hayo hamsini na moja yanakwenda wapi.

Bwana Nafuu akafafanua kwa upole, kama anayemweleza mgonjwa dawa. Nyumba mnaingia ikiwa nyekundu, na kila tofali jekundu ni la Bohari. Sasa Bohari inawangoja, na anayengoja hushukuriwa. Kwa kila matofali themanini mekundu, kila mwezi mnatoa moja la shukrani. Elfu nne ni themanini mara ngapi, hilo yeye hasemi, lakini shukrani inatoka hamsini. Hiyo inapelekwa kwenye lile Jengo. Linabaki moja.

"Hilo moja sasa," akasema, akiegemea mbele, "ni la kwenu. Tunakuja na ndoo ya chokaa, tunachagua tofali moja la nyumba yenu, tunalipaka jeupe. Hilo hakuna wa kuwanyang'anya, nyinyi na kizazi chenu."

"Tofali moja," akasema Hizza.

"Jeupe," akasema Bwana Nafuu.

"Na mpaka nyumba yote iwe nyeupe, tutakuwa tumeleta mangapi jumla?"

Kalamu ya karani ikaanguka. Kwenye foleni mama mmoja akamziba mwanawe masikio, na babu mmoja akatoka nje akajifanya anaangalia mvua. Bwana Nafuu akafunga dirisha, akashusha sauti.

"Wewe ni mgeni, nakusamehe. Lakini nikuulize kitu kama ndugu. Ugali unakula kwa siku au kwa jumla? Umewahi kukaa na mkeo mkapiga hesabu ya ugali wote mtakaokula mpaka mwisho wenu, ukaletwa mezani, mlima? Utaweza kutia tonge?"

"Hapo amekupata, Fundi," akasema Chiku.

"Na nikitaka kuleta zaidi? Sitini na moja, mathalani?"

"Marufuku. Kuleta zaidi ni kuiambia Bohari umechoka nayo. Weka dole gumba hapa."

Hizza hakuweka. Aliomba wiki moja, na njia nzima ya kurudi Chiku hakumpa pumzi.

"Umewajengea watu nyumba arobaini na moja. Ya kwako, ya arobaini na mbili, ndiyo unaanza kuikagua msingi."

"Nataka kujua bei tu, mke wangu."

"Bei umeambiwa."

"Nimeambiwa ya mwezi."

"Sisi tunaishi wapi kama si ndani ya mwezi? Mtoto huyu atazaliwa ndani ya jumla?"

*

Jirani yao, Mzee Tegemeo, aliwaalika kwenye Sherehe ya Chokaa. Kila mwenye nyumba huifanya kila mwezi anapopakiwa chokaa. Alikuwa mzee mchangamfu, mdaiwa wa Bohari hiyohiyo, mwenye mgongo uliokunjika vizuri, na nyumba yake ilikuwa ya elfu nne kama ile waliyoahidiwa wao.

Pilau ilikuwa nyingi. Hizza alimnong'oneza mke wa mzee, aliyekuwa anapakua, akamuuliza sherehe imegharimu kiasi gani. Matofali sita, akajibiwa. Na leo wamepakwa mangapi? Matatu na kipande.

"Mwanzo lilikuwa moja," Mzee Tegemeo akadakia kwa fahari. "Mambo sasa yanakwenda mbio. Njoo nikuonyeshe mali."

Akampeleka chooni. Choo kizima kilikuwa cheupe, na weupe huo ulivuka mlango ukagusa pembe ya jiko, ukaishia hapo.

"Kutoka hapa mpaka pale, changu," akasema mzee. "Nikiwa humu ndani, Fundi, najisikia mwenye nyumba hasa. Naweza kukaa saa nzima."

"Na sebuleni?"

"Sebuleni mimi ni mgeni wa Bohari. Nakaa kwa adabu."

Sasa fundi mwashi ana ugonjwa wake. Akiona ukuta, macho yanahesabu yenyewe, marefu kwa mapana, kabla hajawapa ruhusa. Macho ya Hizza yakasema: mia mbili ishirini na sita. Halafu yakapanda ukutani jikoni, ambako mke wa mzee alikuwa anatundika brashi ya leo kando ya za zamani, kwa sababu kila sherehe hubakiza brashi moja. Yakasema: mia moja na nane. Miaka tisa kamili. Hizza akajaribu kutazama pilau. Pilau haikumsaidia.

"Mzee," akajikuta anasema, "umeshaleta matofali elfu tano mia tano na nane. Nyumba nzima ni elfu nne. Na unachomiliki ni choo."

Miiko ikasimama juu ya sinia. Mtoto akaanza kulia bila kupigwa. Kwenye kona ya mkeka alikuwa ameketi Afande Kimya, naye mwalikwa kama watu wengine. Alimalizia kwanza mfupa aliokuwa nao, akafuta vidole kimoja kimoja, akainuka.

"Nilidhani unatafuna," akamwambia Hizza kwa masikitiko. "Twende."

*

Mahabusu alikaa siku tatu. Ukuta ulikuwa na plasta laini, na mfukoni alikuwa na msumari. Aliandika mwezi wa kwanza, akatoa shukrani, akapaka tofali moja. Mwezi wa pili, akatoa shukrani, akapaka tena. Siku ya tatu Chiku alipomletea chakula, akakuta ukuta umejaa kuanzia dirishani mpaka kwenye ndoo.

"Umeanza kusoma Kichina?"

"Kaa kwanza."

"Nitakaa wapi, tumbo hili na sakafu hiyo?"

Hizza akavua shati akalikunja, akamwekea. Akamwonyesha mwisho wa hesabu, pale chini kabisa. Miezi mia tatu kumi na saba: miaka ishirini na sita na miezi mitano. Matofali elfu kumi na sita na mia moja na ushei.

"Hizo ni nyumba ngapi?" Chiku akauliza.

"Nne."

"Na tunapewa?"

"Moja."

Chiku akaweka mkono juu ya tumbo. Akasema, "Huyu atakuwa anatuletea wajukuu sebuleni, na sebule yenyewe ya watu."

"Sasa tazama huku." Hizza akamgeuza kwenye ukuta wa pili, wenye maandishi machache zaidi. "Huku nimeweka sitini na moja badala ya hamsini na moja. Matofali kumi tu ya ziada, yote yanapakwa meupe. Tofali likishakuwa jeupe halidaiwi shukrani tena, si mwezi ujao wala milele. Ukipata meupe themanini, tofali moja linaacha kwenda Jengoni kila mwezi, linakuja kwetu. Linavuta na mwenzake. Miezi mia moja thelathini na nane, kwisha."

"Miaka?"

"Kumi na moja na nusu. Nyumba mbili na kibanda cha kuku."

"Kwa matofali kumi?"

"Kwa kumi. Lakini si umesikia mwenyewe, kuleta zaidi ni marufuku. Hawampokei mtu."

Chiku aliutazama ukuta ule wa pili mpaka askari akaja kugonga mlango. Akamsaidia mumewe kuvaa shati, akamfunga vifungo, na kwenye kifungo cha juu akamwambia, "Kesho kwenye Baraza usiseme neno. Umeshasema ya kutosha kwenye pilau ya watu."

*

Baraza la Awamu lilikuwa na wajumbe tisa na Mwenyekiti, mama mnene mpole aliyeitwa Mama Taratibu. Hati ya mashtaka ilisomwa: kwamba mshtakiwa alijumlisha hadharani, mbele ya wanawake, watoto na pilau, kwamba alirudia kosa kwa msumari katika mali ya serikali, kwamba ushahidi ni kuta mbili, ambazo kwa sababu za maadili zimefunikwa shuka, na kwamba alitamka maneno "miaka ishirini na sita".

Mjumbe mmoja akasimama kuomba ufafanuzi. Neno "miaka" halijui.

Mwenzake akasema amesikia ni miezi kumi na miwili ikiwa pamoja.

"Pamoja wapi?"

"Pamoja tu. Imefuatana."

"Miezi kumi na miwili inakusanyika mahali pamoja bila kibali?"

Wakajadili saa nzima na dakika zake. Ikaamuliwa kwamba huo ni mkusanyiko usio halali, neno lifutwe kwenye hati, pasomeke "mwezi mmoja na wenzake".

Kisha Mama Taratibu akamgeukia Hizza. Akasema kwa huruma ya kweli kwamba mgeni anayejua jumla na hana nyumba ni hatari, maana hana cha kumfunga mdomo. Ana njia mbili: aweke dole gumba leo, awe mwananchi mwenye nyumba kama wengine, au atoke mpakani kabla jua halijazama, yeye na mkewe.

Hizza akamtazama Chiku. Mpaka ulikuwa mbali, na miguu ya Chiku ilikuwa imevimba kiasi kwamba alikuja Barazani na viatu vya mumewe. Akainua dole gumba.

"Weka wino," akasema.

"Na adhabu?" akauliza mjumbe wa mwisho, ambaye alikuwa hajasema kitu siku nzima na hakutaka kurudi nyumbani hivyo. "Mtu hawezi kujumlisha akatoka hivihivi. Mimi napendekeza abebeshwe matofali kumi zaidi kila mwezi. Ayasikie mgongoni."

Wajumbe wakapiga meza. Bwana Nafuu, aliyekuwa upande wa Bohari, akainamisha kichwa kukubali, akasema Jengo litayapokea kwa mikono miwili.

Hapo Chiku akasimama. Kusimama kwenyewe kulichukua muda, na Baraza zima likangoja.

"Waheshimiwa wazazi wangu," akasema, "mume wangu amekosa. Mimi mwenyewe nimemwambia. Abebe hayo kumi. Lakini nina swali la mtu asiyesoma. Lile jengo linaitwa la nini?"

"La Shukrani," akasema Mama Taratibu.

"Na matofali haya kumi ya mume wangu, ni ya shukrani?"

"Hapana, mwanangu. Hayo ni ya aibu."

"Basi mimi naogopa. Wazazi wema wamebeba shukrani zao kwa migongo yao, mwezi kwa mwezi, wamepanga pale kwa heshima. Leo tofali la aibu la mume wangu likalazwe kati ya tofali la Mzee Tegemeo na la mheshimiwa pale? Wakipita watu watajuaje lipi la shukrani na lipi la mhalifu?"

Wajumbe wakatazamana. Mheshimiwa aliyeonyeshwa kidole akaonekana ameguswa. Alikuwa na matofali mengi pale.

"Sasa yawekwe wapi?" akauliza.

"Aibu ya mtu iwekwe kwake. Yapakwe chokaa kwenye nyumba yetu, kila mwezi, mtaa mzima uone. Mtu akipita aseme: nyumba ile inayopauka ni ya yule aliyejumlisha."

Mama Taratibu alifikiri, akasema hajasikia hoja yenye adabu kama hiyo tangu mwezi huu uanze. Wajumbe wote tisa wakanyoosha mikono.

Bwana Nafuu tu ndiye aliyebaki amekunja uso. Kulikuwa na kitu hakikai sawa. Akatazama dari. Akatazama vidole vyake visafi, akakunja kimoja, akakunja cha pili. "Mheshimiwa Mwenyekiti," akaanza, "kama ni matofali kumi, kila mwezi, mara..."

Afande Kimya akasogea hatua moja, akainama, akamtazama chini ya pua.

Bwana Nafuu akafunga mdomo. Nyundo ya Mwenyekiti ikagonga meza.

*

Walihamia siku tisa kabla ya mtoto. Alizaliwa wa kike, na majirani waliduwaa kwamba nepi zilikuwa tayari.

Haikuwa rahisi, asikudanganye mtu. Ukitoa sitini na moja kwenye themanini, kinachobaki, ukishanunua unga na sukari, hakitoshi hata kumpasulia kinyozi. Chiku alikaanga maandazi alfajiri na kushona jioni. Hizza alivaa suruali moja mpaka ikawa na viraka vinavyojuana kwa majina. Waliokoa kidogo kwa kuwa Baraza liliwakataza kufanya sherehe. Mwenye aibu halishi watu pilau. Mwezi wa kwanza walipakwa matofali kumi na moja, na jioni ile majirani wakaja kuwapa pole.

"Kumi na moja kwa mpigo," akasema Mzee Tegemeo, akitikisa kichwa. "Vumilia, mwanangu. Na wewe ulikuwa kijana mzuri."

Nyumba iliendelea kupauka. Weupe ukamaliza choo, ukala jiko, ukaingia chumba cha kwanza. Kina mama waliwaonya watoto wao wasiegemee ukuta ule, wasije wakaambukizwa hesabu. Wengine waliwaletea ndizi, kwa huruma. Chiku alipokea ndizi, akashukuru, akainamisha macho kama mtu aliyefedheheka, akaingia ndani akacheka mpaka akajishika mbavu.

Mwezi wa mia moja thelathini na nane, Bwana Nafuu alipaka tofali la mwisho bila kujua ni la mwisho. Mwezi uliofuata akaja na ndoo yake, akazunguka nyumba mara tatu akitafuta pa kupaka. Aliangalia nyuma ya mlango. Aliinama uvunguni.

"Fundi, jekundu umelificha wapi?"

"Limekwisha."

"Shukrani je?"

"Ya tofali lipi?"

Bwana Nafuu akafungua mkoba. Alikuwa na fomu ya kuanza, fomu ya kuchelewa, fomu ya kurithi deni la mzazi. Ya aliyemaliza haikuwepo. Akakaa barazani, akaomba maji, akayanywa, akarudi Bohari na ndoo imejaa.

Mzee Tegemeo aliona yote hayo kutoka kwake. Akaja akimshikilia mkewe, ingawa mkewe ndiye aliyekuwa anamshikilia yeye.

"Mbona mwisho wa mwezi huu hujabeba?"

"Nimemaliza, mzee."

"Hongera, basi." Alilisema kama mtu anayeonja chakula cha kigeni.

"Usinipe hongera. Nimebeba elfu nane mia nne na ushei. Nimenunua nyumba mbili, nimepewa moja."

Mzee akautazama ukuta mweupe. "Na mimi?" akauliza.

Hizza alisita. Alikumbuka pilau. Lakini mzee alikuwa amemkazia macho, na brashi zilikuwa mia mbili arobaini na sita, alizihesabu juzi alipokwenda kumzibia paa. Akamwambia. Elfu kumi na mbili, mia tano arobaini na sita. Nyumba tatu na zaidi. Alichonacho: choo, jiko na chumba kimoja.

Mzee Tegemeo hakulia wala hakukasirika. Alikaa kwenye kiti cha Bwana Nafuu, akapangusa magoti.

"Ile adhabu yako," akasema, "inapatikana wapi?"

*

Kesho yake asubuhi alivaa kanzu safi, akaenda kusimama mbele ya Afande Kimya pale kwenye kona ya kinyozi. Akapanua midomo kiasi cha kuonekana na vipofu.

"Afande. Hamsini na moja, mara mia mbili arobaini na sita."

Afande Kimya akatazama ng'ambo. Jioni iliyotangulia Bohari ilikuwa imetoa waraka wa siri kwa Walinzi wote: kuanzia leo, atakayejumlisha asikamatwe, kwa sababu adhabu yake imeonekana kuwa na madhara kwa afya ya Jengo.

"Upepo mwingi leo, mzee wangu," akasema.

"Elfu kumi na mbili, mia tano arobaini na sita. Nimeitaja jumla. Mbele ya kinyozi."

"Sijasikia kitu," akasema kinyozi, aliyekuwa amesoma waraka gazetini.

"Nikamate basi. Nina haki yangu. Mimi ni mhalifu kama yule kijana."

Afande Kimya akaanza kutembea. Mzee akamfuata, mgongo umekunjwa, mkewe nyuma, akitaja jumla yake kwa sauti mtaa hadi mtaa, na nyuma yao watu wakaanza kutoka milangoni, kila mmoja akiwa na brashi zake mkononi, wanauliza foleni ya kukamatwa inaanzia wapi. Walipofika kwenye uchochoro wa nyuma ya soko, Afande Kimya akasimama ghafla. Akahakikisha umati bado haujakata kona. Akavua kofia.

"Mzee," akanong'ona, "mimi nalipa arobaini na tano. Hapo kwenye mara, unahesabuje?"